Siku Kumi na Nane

Barua ya mpwa wangu iliandikwa Agosti 9, 2016, siku moja baada ya Nane Nane. Tarehe hiyo siwezi kuisahau kwa sababu mimi na dada yangu tulikuwa tumerudi usiku kutoka viwanja vya Nzuguni, Dodoma, tukiwa na mfuko wa mbegu za alizeti tulizouziwa kwa maneno matamu, na asubuhi yake binti akapiga simu akilia. Barua yenyewe ilikuwa na aya mbili. Ya kwanza ilisema kwamba kufuatia uhakiki wa sifa za wanachuo, imebainika hana sifa za kuendelea na Stashahada ya Ualimu. Ya pili ilimtaka akabidhi kitambulisho, godoro na ufunguo wa kabati kabla ya Ijumaa. Sifa gani hana, haikusemwa. Ada tuliyolipa inakuwaje, haikusemwa.

Chuo chenyewe sitakitaja. Kipo bado, walimu wengi waliopo pale leo hawakuwepo wakati ule, na baadhi yao ni watu wema tu.

Inafaa nieleze kwanza tulikotoka, maana kwetu ualimu ni kama shamba la ukoo. Baba yangu alikuwa mwalimu wa UPE, ule mpango wa elimu ya msingi kwa wote. Baada ya Azimio la Musoma la 1974, nchi ilijipa lengo kwamba ifikapo 1977 kila mtoto awe ameingia shule, na walimu wa kutosha hawakuwepo. Wakachukuliwa vijana waliomaliza darasa la saba, wakafunzwa hukohuko vijijini kwa masomo ya posta, redio na mratibu aliyepita na baiskeli, huku tayari wameshika chaki. Baba alianza hivyo huko Manyoni, akajiendeleza pole pole, akastaafu akiwa na Daraja A, na mpaka leo kuna wazee wenye mvi wanaomwamkia shikamoo mwalimu.

Mimi niliingia chuoni wakati wa MMEM, Mpango wa Maendeleo ya Elimu ya Msingi ulioanza 2002, ada za shule za msingi zilipofutwa na madarasa yakafurika watoto mpaka madirishani. Nilikuwa na divisheni ya nne, pointi 26. Mwaka mmoja tulikaa chuoni, mwaka wa pili tulipelekwa shuleni kufundisha huku tukihesabiwa bado tunasoma. Miaka michache baada yetu zikaja sekondari za kata, na safari hii wakachukuliwa waliomaliza kidato cha sita, wakapigwa msasa kwa wiki chache na kusambazwa. Mtaani wakaitwa voda fasta, kwa jina la ile huduma ya Vodacom ya kuongeza salio, maana hata wao walipatikana upesi hivyo.

Kwa hiyo mtu akiniambia sifa ya kuwa mwalimu ni jambo lisilogusika, mimi hucheka. Nimeona lango likifunguliwa kabisa penye shida ya walimu na kurudishiwa shida ilipopungua. Wala sipingi lirudishiwe. Nisingependa mwanangu afundishwe hisabati na mwalimu mwenye hisabati yangu. Ninacholalamikia ni kufunga lango mtu akiwa katikati yake, mguu mmoja ndani.

Mpwa wangu alimaliza kidato cha nne mwaka 2014. Waliokuwa karibu na shule wakati huo watakumbuka vurugu ya madaraja. Mwaka ule matokeo hayakutoka kwa divisheni, yalitoka kwa GPA, yaani wastani wa alama: Distinction, Merit, Credit, Pass. Alama nazo zilikuwa na ngazi zaidi, kulikuwa na B+ na kulikuwa na E. Kisha serikali mpya ikaja mwishoni mwa 2015, Profesa Joyce Ndalichako akawa Waziri wa Elimu, na matokeo ya waliofanya mtihani 2015 yakarudi kwenye divisheni tulizozizoea. Mtoto wa 2014 akabaki na cheti cha peke yake. Tazama hili: mwaka 2014 aliyepata alama 42 kati ya 100 alipewa C, kwa kuwa C ilianzia 40. Mwaka uliofuata C ikaanzia 45, na alama 42 ileile ikawa D. Kwa hiyo sharti likisema tu kwamba mwombaji awe na C mbili za sayansi, uzito wake unategemea umezaliwa mwaka gani.

Yeye alikuwa na Credit, C ya Baiolojia na D ya Kemia. Tangazo la chuo lililotupeleka pale lilitaka Credit na angalau D katika masomo mawili ya sayansi. Tangazo hilo tulilikata gazetini tukalitunza, si kwa busara, ni kwamba dada yangu hatupi karatasi.

Aliingia Oktoba 2015. Muhula wa kwanza ulikuwa mzuri. Halafu likatokea la Chuo Kikuu cha Dodoma.

Mei 28, 2016, zaidi ya wanafunzi 7,000 wa stashahada maalumu ya ualimu wa sayansi na hisabati walitakiwa kuondoka chuoni hapo. Watu wa Dodoma waliwaona stendi na masanduku, wengine hawana nauli. Mwanzoni tuliambiwa tatizo ni walimu waliogoma kufundisha kwa sababu ya malipo. Baadaye hoja ikageuka kuwa sifa: kwamba programu ile ilichukua wasiostahili kuwa chuo kikuu. Rais Magufuli akawaita vilaza. Wizara ikawachambua, wachache wakarudishwa palepale, wengi wakagawanywa kwenye vyuo vya ualimu, na waliobaki wakaambiwa warudi nyumbani. Neno vilaza liliingia mtaani kwa kasi ya ajabu. Mpwa wangu hakuwa hata mwanafunzi wa chuo hicho, lakini akienda dukani na sare ya ualimu vijana wa bodaboda walimwimbia neno hilo.

Baada ya hapo uhakiki ulipita kila mahali. Kwenye chuo chake waliondolewa kumi na saba.

Sasa nifike kwenye kosa langu, maana ndilo lililonifanya niandike.

Binti aliponiuliza, "Mjomba, tufanyeje?", nilimjibu kama mwalimu wa serikali wa miaka kumi na zaidi: tufuate ngazi. Mwalimu anafundishwa kwamba malalamiko yanaanza kwa mkuu wa shule, yanakwenda kwa mratibu, kwa afisa elimu, yanapanda taratibu na kila mmoja anagonga mhuri wake. Nikamwandikia rasimu ya barua kwa mkuu wa chuo. Ilikuwa barua nzuri, naweza kusema. Hakujibiwa. Septemba tukaandika wizarani, tukatuma kwa EMS, tukatunza risiti. Oktoba tukamwona katibu wa mbunge, akatupokea vizuri, akapiga picha vyeti vyote kwa simu yake, akasema tumpe wiki mbili. Novemba tukaandika barua ya kukumbushia. Desemba ofisi zinaelekea sikukuu. Kila alipokuja kwangu na uso ulioanguka nilimwambia subira yavuta heri. Nililisema hilo mara ngapi sijui. Dada yangu alitaka twende kwa wakili tangu Septemba, nikamwambia mawakili ni wa watu wenye ugomvi wa viwanja, tena ukiishitaki Serikali unajifungia mlango ambao ungefunguliwa kwa heshima.

Februari wenzake wakaanza kuchangishana. Kati ya kumi na saba walibaki kumi na mmoja wenye moyo. Wengine walishaolewa, wengine wapo Geita kwenye machimbo, mmoja alisema hataki tena kusikia neno ualimu. Dada aliuza madumu sita ya mafuta ya alizeti. Jumatatu ya Februari 27, 2017, mimi, mpwa wangu na wenzake watatu tulipanda basi la alfajiri Singida kwenda Dodoma.

Ofisi ya wakili ilikuwa ghorofani, si mbali na Jamatini, na ngazi zake zilinuka chipsi. Alikuwa mtu mzima kidogo, mpole, mwenye miwani ya kushikiliwa na uzi. Nilikuwa nimejiandaa kumsimulia. Nilianza na Azimio la Musoma. Akanisikiliza kwa adabu dakika mbili tatu, akainua kalamu.

"Samahani, mwalimu. Barua ya kuwaondoa mliipokea lini?"

Nikamwambia kwamba barua haikueleza sababu.

"Sawa. Mliipokea lini?"

Mpwa wangu akajibu: Agosti 9, siku hiyohiyo iliyoandikwa. Wakili akachukua kalenda ya mezani, ile ya benki, ikawa ni ya mwaka mpya, kwa hiyo akahesabu Agosti hadi Desemba kwa vidole, kisha akafungua Januari, akafungua Februari, akaweka ncha ya kalamu kwenye tarehe 9. Kutoka pale akahesabu mpaka 27, moja moja, midomo ikicheza. Kumi na nane.

Alitueleza hivi, nami nitajaribu kueleza nilivyoelewa. Ukitaka Mahakama Kuu itazame uamuzi wa chombo cha umma na kuutengua, njia ni maombi ya mapitio. Hufungui kesi moja kwa moja. Kwanza unaomba kibali, na kwa kanuni za mwaka 2014 zilizo chini ya Sura ya 310 ya sheria zetu, kibali kinaombwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Ukipewa kibali, una siku 14 tu kuleta maombi yenyewe. Njia nyingine ni kuishitaki Serikali kwa shauri la kawaida, ambayo inaanza na notisi ya siku 90 na kumuunganisha Mwanasheria Mkuu, lakini kwa jambo letu, kurudishwa darasani, njia ilikuwa ile ya kwanza. Na ile ya kwanza ilikuwa imefungwa tukiwa tunakunywa chai na katibu wa mbunge.

Cha kuuma zaidi ni kwamba hoja zetu zilikuwa nzuri. Hakusema kwa kutufariji; alikuwa na sura ya mtu anayeona ng'ombe mnono amekufa. Hoja ya kwanza, haki ya kusikilizwa: Katiba yetu, Ibara ya 13(6)(a), inataka mtu asikilizwe kabla haki zake hazijaamuliwa, na hawa hawakuitwa wala kuambiwa ni somo gani limewaangusha. Ya pili, alisema kuna tofauti kubwa kati ya anayeomba kujiunga na aliyekwisha kujiunga. Mamlaka inaweza kupandisha sifa kwa wanaokuja mwakani, hakuna atakayeizuia. Lakini aliyepokewa kwa tangazo fulani, akalipa ada, akasoma, akafanya mitihani, huyo ana kitu wanasheria wanakiita matarajio halali, na sharti jipya kumrudia nyuma ni jambo ambalo jaji angetaka kulisikia. Ya tatu ilikuwa cheti cha GPA: nani alikigeuza kwenda divisheni, na kwa jedwali gani?

Halafu akaomba kuona huo waraka uliobadilisha sifa. Hatukuwa nao. Tulikuwa na picha ya simu, ya ubao wa matangazo, imepigwa kwa kuinama na nusu yake ina kivuli cha kichwa cha mtu. Akauliza uamuzi ulikuwa wa nani hasa, chuo au mamlaka iliyo juu yake. Tukatazamana. Miezi sita tumeandika barua tatu, na katika barua zote tatu hatukuwahi kuomba nakala ya waraka. Tuliomba huruma.

Akaomba barua za kupokelewa chuoni. Hapo nikajifunza kitu ambacho mpaka leo nawaambia vijana wa mtaani kwetu waliochaguliwa popote. Barua tatu kati ya nne tulizokuwa nazo mezani zilikuwa na mstari chini kabisa, kwa herufi ndogo: umechaguliwa kwa masharti kwamba sifa zako zitahakikiwa. Ya nne, ya kijana mmoja wa Iramba aliyewahi kuchukua barua yake wiki ya kwanza, haikuwa na mstari huo. Wakili aliitoa ile ya nne akaiweka peke yake upande wa kulia wa meza. Mpwa wangu aliiangalia ile karatasi upande wa kulia kwa namna ambayo sikuipenda.

Tulijaribu. Kuna njia ya kuomba kuongezewa muda chini ya Sheria ya Ukomo, ukiwa na sababu ya msingi. Wakili alisema wazi kwamba mahakama zetu zina msimamo mkali: kila siku ya kuchelewa ina maelezo yake, hata kama ni moja. Watano wakasaini hati za kiapo. Mimi pia nikaapa, nikaeleza barua zote na tarehe zake na risiti ya EMS. Ni jambo la ajabu kuketi na kuandika chini ya kiapo namna ulivyopoteza muda wa mtoto wa dada yako, aya ya kwanza mpaka ya kumi na nne.

Siku ya kusikilizwa tulikuwa Mahakama Kuu Dodoma saa mbili asubuhi. Wakili wa Serikali alikuwa binti mdogo, pengine umri wa mpwa wangu na miaka mitano juu. Wakaongea Kiingereza muda wote. Miaka ile ilikuwa hivyo. Sheria ya kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama ilipita 2021. Mimi nilikamata maneno mawili matatu, mpwa wangu alikuwa anatazama midomo. Wakili wetu alisema walalamikaji hawakulala, walikuwa wakifuatilia kwa barua. Binti wa Serikali alisimama, akasema kwa kifupi mno, akakaa.

Uamuzi ulisomwa wiki kadhaa baadaye, na wakili alitufasiria nje, chini ya mti, watu wakipita na mafaili. Jaji hakuwa mkali. Alisema anaona kuna maswali ya kujibiwa kuhusu namna wanachuo walivyoondolewa. Lakini kama sheria ingekuwa imeweka rufaa kwa waziri, na sisi tukawa tunasubiri rufaa hiyo, ingekuwa hoja. Hapakuwa na rufaa ya namna hiyo. Kuandika barua kwa hiari yako hakusimamishi muda. Hata hizo siku kumi na nane za mwisho, kuanzia Februari 9 mpaka tulipopanda basi, hatukuwa na maelezo nazo kabisa. Kulikuwa na nini siku hizo? Tulikuwa tunachangishana. Hatukuliandika hilo kwenye kiapo kwa sababu mimi niliona ni aibu.

Maombi yakatupwa.

Yule kijana wa Iramba, barua yake safi haikumsaidia chochote, maana hatukufika hata mlangoni pa hoja.

Tangu hapo nimekuwa mtu wa kufuatilia kesi za walimu, ugonjwa ambao mke wangu anaulaumu kwa bando linaloisha. Wenzetu Kenya, mwaka 2018, wizara ilishusha sifa za kujiunga na vyuo vya ualimu mpaka D+ kwa P1, cheti cha walimu wa shule za msingi, na C- kwa stashahada, na Tume ya Utumishi wa Walimu, ambayo ndiyo inayosajili na kuajiri, ikapinga hadharani. Fikiria uko katikati: mmoja anakufungulia chuo, mwingine anasema hatakutambua. Haikupita miaka mingi P1 yenyewe ikafutwa, ikaja stashahada iliyotaka C. Huko India kulikuwa na mvutano mkubwa zaidi. Juni 2018 baraza lao la elimu ya ualimu liliruhusu wenye shahada ya B.Ed kufundisha shule za msingi. Waliosomea stashahada ya msingi wakapinga, Mahakama Kuu ya Rajasthan ikautengua uamuzi huo 2021, na Agosti 11, 2023 Mahakama ya Juu ikaafiki. Aprili 2024 ikafafanua kwamba walioajiriwa kabla ya hukumu wasiguswe, ila si wale ambao ajira zao zilitolewa kwa sharti kwamba zinategemea matokeo ya kesi. Niliposoma hapo niliiona ile meza ya Dodoma, karatasi tatu kushoto na moja kulia.

Siku ile chini ya mti, baada ya kutufasiria, wakili alifanya jambo ambalo sikulitegemea. Alimgeukia mpwa wangu, si mimi, akamuuliza kama ana fomu ya maelekezo ya kujiunga. Anayo. Dada hatupi karatasi, nimeshasema. Akaisoma palepale kwa kuisogeza mbali na macho. Kipengele cha tisa: ada haitarejeshwa kwa mwanachuo atakayeacha masomo kwa hiari yake.

"Wewe uliacha kwa hiari?"

"Hapana."

"Basi hii ni saa nyingine."

Akatueleza kwamba kudai ada ni suala la mkataba, ni kati yake na chuo, na madai ya mkataba yana miaka sita, si miezi sita. Saa mbili zilikuwa zikienda pamoja tangu Agosti 9, moja ya haraka na moja ya polepole, na sisi tulikuwa hatujui hata kama kuna ukuta zinapotundikwa. Hakutaka malipo zaidi. Aliandika notisi ya madai, ukurasa mmoja na nusu, akanukuu tangazo la gazeti na lile neno "kwa hiari", akatoa siku 21.

Chuo kilitupigia siku ya kumi na saba. Nilichojifunza hapo ni kwamba taasisi ambayo haijibu barua ya mjomba hujibu barua ya wakili, na inajibu kwa sauti laini sana. Juni 2017 tulisaini makubaliano: kati ya shilingi 1,400,000 tulizolipa kwa ada na hosteli, watarejesha 1,050,000 kwa awamu nne, ya mwisho 250,000 tarehe 15 Desemba 2017. Wale kumi na mmoja wote walipata makubaliano yao, kila mmoja kwa kiasi chake. Awamu tatu zililipwa, kwa kuchelewachelewa. Ya nne haikuja. Mimi nilikuwa nimechoka, nikasema tuiache.

Binti yeye hakuwa na muda wa kuchoka. Fedha ya awamu ya kwanza alijiandikishia mtihani kama mtahiniwa wa kujitegemea, Kemia, Baiolojia na Hisabati, akajisomea jikoni kwa dada na kwa mwalimu mwenzangu aliyemfundisha Kemia jioni kwa malipo ya kuku. Akapata C ya Kemia. C ya Baiolojia akaipata tena, safari hii kwenye cheti cha mfumo mmoja na kila mtu. Hisabati ilikataa, kama inavyokataa ukoo wetu wote. Mwaka 2018 akaingia chuo kingine, na nilimsindikiza. Pale mapokezi alipewa barua ya kusaini. Akaenda kukaa kwenye benchi, akaisoma yote, akaigeuza nyuma kuona kama kuna maandishi, akarudi kuomba nakala yenye mhuri. Yule mama wa mapokezi akasema nakala hazitolewi. Akakaa tena kwenye benchi. Tulikaa pale saa moja na nusu mpaka nakala ikatoka.

Alimaliza 2021. Alijitolea sekondari ya kata kwa posho ya wazazi, na walimu walipoanza kuitwa kwenye usaili mwanzoni mwa 2025, alikuwa miongoni mwa umati ule mrefu. Baba yangu, mwalimu wa darasa la saba, alimshonea yeye mwenyewe kifungo cha koti la kwenda nalo.

Ila ninataka kumalizia na ile awamu ya nne. Oktoba 2023 mpwa wangu alinipigia simu akaniuliza kama nina nakala ya makubaliano ya chuo. Nikamwambia ipo kwenye sanduku, ya nini tena, yamepita hayo. Akasema miaka sita kuanzia Desemba 15, 2017 haijaisha, imebaki miezi miwili na siku chache, na amezihesabu. Alikwenda mwenyewe. Mkuu wa chuo alikuwa mpya, mhasibu mpya, hakuna aliyemjua. Aliwawekea makubaliano mezani na barua aliyoiandika kwa mkono wake, mistari sita, hakuna neno la huruma hata moja; niliisoma baadaye.

Fedha iliingia Novemba. Jioni hiyo simu yangu ikalia ujumbe wa muamala, shilingi 50,000, na nyuma yake ujumbe wake: "Nauli za Dodoma, mjomba."

Nilimpigia kumwambia kwamba ni nyingi, nauli zetu hazikufika hizo. Akasema nyingine ni ya stempu.